Paja la kontena na kuku wa banda: maswali na majibu kuhusu biashara ya kuku waliogandishwa

Unguja, kuku wa kontena ni kitoweo cha kila siku. Ametoka Brazil, amekaa baharini kwa wiki kadhaa, amehamishwa kutoka meli hadi meli, na bado paja lake linauzwa kwa bei inayomnyima usingizi mfugaji wa Fuoni. Tanzania Bara kuku wa aina hiyo amezuiwa tangu mwaka 2006, lakini mfugaji wa Kibaha naye analalamikia soko. Tumekusanya maswali ya wafugaji, wauzaji na walaji, na mtaalamu wetu, aliyefanya kazi miaka mingi kati ya machinjio, maghala ya baridi na masoko ya kuku, anayajibu.

Kuku wa ng'ambo anavuka bahari ndani ya umeme usiozimwa. Inakuwaje awe na bei ya chini kuliko wangu ninayemfuga hapa hapa? (Mfugaji, Fuoni)

Kwa sababu wewe unauza kuku, mwenzako anauza kilichobaki. Marekani na Ulaya walaji wengi hupenda kidari. Kidari kikishauzwa kwa bei nzuri, sehemu kubwa ya gharama ya kuku yule imesharudi. Paja, shingo, firigisi na miguu vinabaki kiwandani, na kuviweka ni gharama. Bei yoyote inayozidi ile ya kugandisha na kusafirisha ni afadhali kuliko hasara.

Mfano unaojulikana zaidi ni wa Urusi. Kuanzia mwaka 1990, enzi za Rais George H. W. Bush, mapaja ya kuku wa Kimarekani yalimiminika kule hata wananchi wakayaita "miguu ya Bush". Tangu hapo biashara hii imebadilisha masoko, lakini hesabu yake ni ileile. Bei ya paja haitungwi na anayekula paja. Hutungwa na anayekula kidari, mbali kabisa na soko lako.

Sababu ya pili ni chakula. Asilimia 60 hadi 70 ya gharama ya kumkuza kuku wa nyama ni chakula chake. Brazil hulima mahindi na soya kwa wingi, na majimbo ya kusini kama Paraná na Santa Catarina yamejaa mabanda na machinjio makubwa. Kampuni humpa mfugaji vifaranga, chakula na daktari, kisha humlipa kwa kazi ya kukuza. Wewe unanunua mfuko mmoja mmoja dukani, na bei inapanda kila soya au mahindi yanapoadimika. Kabla kuku wako hajafika sokoni, ameshaachwa nyuma kwenye chakula.

Nani hasa wanauza na nani wananunua? (Mwanafunzi wa biashara, Morogoro)

Dunia huzalisha zaidi ya tani milioni 100 za nyama ya kuku kwa mwaka, na nyingi huliwa katika nchi zilikozalishwa. Sehemu ndogo tu, takriban tani milioni 13, ndiyo inayovuka mipaka. Brazil inaongoza: mwaka 2023 iliuza nje zaidi ya tani milioni 5. Marekani inafuata, kisha Umoja wa Ulaya na Thailand.

Kinachovutia ni jinsi kuku mmoja anavyogawanywa duniani. Japani wanapenda paja lisilo na mfupa. China hununua miguu, ambayo viwanda vingi vingeigeuza chakula cha mifugo. Nchi za Ghuba huchukua kuku mzima mdogo wa kilo moja na kidogo. Afrika huletewa mapaja na mabawa, na Afrika Kusini hununua pia nyama inayokamuliwa kwa mashine kwenye mifupa, ya kutengenezea soseji na poloni. Mayotte, kisiwa jirani na Ngazija, mabawa ya kontena yamekuwa chakula cha nyama choma cha kila sherehe, na jina lake kule ni hilihili letu: mabawa.

Ukifahamu mgawanyo huu, utaona kwamba mfanyabiashara mkubwa wa kuku ni yule aliyekipatia kila kiungo mnunuzi wake.

Je, kuku hao ni halali? (Mama wa nyumbani, Mjini Unguja)

Swali lako ni la haki, mama, na linajibika. Brazil ndiyo muuzaji mkubwa kuliko wote wa kuku halali duniani, kwa sababu Ghuba ni mteja wake wa miaka mingi. Viwanda vinavyouza huko huajiri wachinjaji Waislamu na hukaguliwa na taasisi zinazotoa vyeti. Lakini si kila kiwanda na si kila katoni. Usiridhike na neno la muuzaji. Omba uone katoni yenyewe: iwe na alama ya halali, jina la taasisi iliyothibitisha, namba ya kiwanda, tarehe ya kuchinjwa na tarehe ya mwisho wa matumizi. Vipande vilivyotolewa kwenye katoni na kurundikwa kwenye mfuko mweupe havina ushahidi wowote, wa dini wala wa afya.

Bara tumezuia kuku wa nje karibu miaka ishirini. Zuio limetusaidia? (Mwenye kibanda cha chipsi, Kinondoni)

Limesaidia, ila halitoshi. Zuio la 2006 lilikuja kwa hofu ya homa ya mafua ya ndege, na likampa mfugaji wa ndani nafasi ya kupumua. Lilisimamiwa kwa ukali: Oktoba 2017, vifaranga 6,400 waliotoka Kenya waliteketezwa Namanga, tukio lililoumiza watu wengi pande zote mbili za mpaka.

Tazama wenzetu. Nigeria ilipiga marufuku kuku waliogandishwa mwaka 2003, lakini shehena zikaendelea kushushwa nchi jirani ya Benin na kuvushwa kwa njia za panya. Ghana mwaka huohuo ilipitisha sheria ya kupandisha ushuru kutoka asilimia 20 hadi 40, ikasitishwa muda mfupi baadaye, na hadi leo soko lake limetawaliwa na kuku wa nje. Kamerun ilizuia mwaka 2006 baada ya wananchi kuhamasishana kwa nguvu kwamba nyama inayoyeyuka kwenye joto la soko inawaua. Afrika Kusini ilichagua ushuru: mwaka 2023 iliweka ushuru dhidi ya bei za kutupa kwa kuku wa Brazil na wa nchi nne za Ulaya. Jumuiya ya Afrika Mashariki nayo, kuanzia Julai 2022, ina daraja la ushuru la asilimia 35 linalogusa bidhaa za nyama.

Nimejifunza jambo moja katika mifano hii yote. Ukuta humnunulia mfugaji muda, na muda huo usipotumika kupunguza bei ya chakula na kujenga machinjio yenye ubaridi, mlaji ndiye anayelipia ukuta. Tena magendo ni hatari kuliko biashara ya wazi. Kuku wa magendo husafiri usiku, chini ya turubai, bila barafu, na hakuna mkaguzi anayemfungua.

Tusisahau pia kwamba kuku wetu wa kisasa naye ana asili ya nje. Cobb 500 na Ross 308, mbegu zilizojaa mabandani mwetu, ni za kampuni mbili kubwa za dunia. Njia ya kuwaingiza kuku wazazi wa vifaranga hivyo ikifungwa, banda la Kibaha litalia.

Mafua ya ndege yana nguvu gani juu ya bei? (Msambazaji, Nairobi)

Kubwa. Tarehe 16 Mei 2025 Brazil ilitangaza kwa mara ya kwanza ugonjwa huo katika shamba la biashara, huko Montenegro, jimbo la Rio Grande do Sul. Lilikuwa shamba moja tu. Lakini China, Umoja wa Ulaya na Afrika Kusini zilisimamisha kununua kwa nchi nzima, na Afrika Kusini ikajikuta na uhaba wa nyama ya kutengenezea poloni. Nchi nyingine, Japani mojawapo, zilifunga eneo lililoathirika peke yake na kuendelea kununua kwingine.

Mwezi Juni Brazil ilijitangaza kuwa safi, ila baadhi ya wanunuzi walichukua miezi kadhaa kurudi. Wakati huo nyama iliyokosa mlango mmoja hutafuta mlango mwingine. Ndiyo maana bei ya katoni inaweza kushuka ghafla kwenu bila sababu inayoonekana, au kupanda wiki chache baadaye. Usitie mtaji wako wote kwenye nchi moja wala msafirishaji mmoja.

Kuku wangu wakifika wiki sita na mnunuzi hajaja, niwagandishe? (Mfugaji, Kibaha)

Ndiyo, ila kwa hesabu. Kuku wa umri huo anakula takriban gramu 180 kwa siku. Ukiwa na kuku 500, kila siku unayomsubiri dalali unateketeza karibu kilo 90 za chakula, yaani mifuko miwili ya kilo 50 kasoro kidogo. Tena dalali anajua. Anachelewa makusudi hadi ukubali bei yake. Friza inakupa uwezo wa kumwambia "leo siuzi".

Lakini friza ya nyumbani imetengenezwa kutunza kilichokwisha kuganda. Ukijaza kuku 100 wenye joto la mwili kwa mpigo, wa katikati watakaa saa nyingi bila kuganda, na hapo ndipo wanapoharibika. Hata wasipooza, kuganda polepole hutengeneza chembe kubwa za barafu zinazopasua nyama, na ikiyeyuka inatoa maji na kubaki kama pamba. Machinjio makubwa hutumia chumba chenye upepo wa nyuzi 35 hadi 40 chini ya sifuri, kisha huhifadhi kwa nyuzi 18 chini ya sifuri.

Fanya hivi: chinja kidogo kidogo, tumbukiza kuku kwenye maji ya barafu mara baada ya kuwanyonyoa na kuwatoa matumbo, acha maji yachuruzike, funga kila mmoja mfuko wake, wapange kwa kuachana, na usiongeze wengine mpaka hawa wamekuwa mawe. Umeme ukikatika, usifungue mfuniko. Friza iliyojaa hushikilia ubaridi takriban saa 48, na iliyojaa nusu saa 24.

Jambo bora zaidi ni kuungana. Wafugaji kumi wakichangia chumba kimoja cha kugandishia na mkaguzi mmoja wa nyama, wanaweza kuingia mkataba na hoteli, kitu ambacho mmoja peke yake hawezi.

Nitajuaje kuku aliyeyeyuka akagandishwa tena? Na ni kweli wanawekwa dawa ya maiti? (Mama lishe, Likoni)

Angalia ndani ya mfuko, mama. Barafu nyekundu iliyotuama chini, vipande vilivyogandana kuwa bonge moja, mfuko uliokunjamana na umbo lililobonyea ni dalili kwamba nyama imewahi kulegea. Madoa meupe makavu ni upepo wa friza. Hayaui, ila ladha imepotea. Akiyeyuka na kunuka au kuteleza mkononi, usimwoshe kwa ndimu ukampika. Mtupe.

Kuhusu dawa, kuku aliyetunzwa kwenye ubaridi wa kweli hahitaji kitu kingine. Anayeshawishika kutumia uchafu huo ni asiye na ubaridi, ndiyo maana nasisitiza duka lenye friza inayofanya kazi na katoni yenye maandishi. Kumbuka pia kwamba kuganda hakuui vijidudu vya salmonela, huvilaza tu. Yeyusha kuku ndani ya friji, si juani, na umpike hadi mchuzi unaotoka mfupani uwe mweupe bila damu.

Pima na maji. Tuseme kilo moja ya vipande ni shilingi 300 za Kenya, na vikiyeyuka vinatoa gramu 150 za maji. Nyama uliyopata ni gramu 850, kwa hiyo kilo ya nyama umeinunua kwa takriban shilingi 353. Afrika Kusini imeweka kikomo cha maji ya chumvi yanayodungwa: asilimia 15 kwa vipande na asilimia 10 kwa kuku mzima. Kwetu kikomo hicho anakiweka mteja mwenye mizani.

Biashara hii inaelekea wapi, na mfugaji mdogo ana nafasi gani? (Mfugaji, Fuoni, kwa mara ya pili)

Miji yetu inaacha kuku mzima na kuhamia vipande. Mwenye kibanda cha chipsi anataka robo zinazolingana, hoteli inataka kidari, mtaa unataka firigisi na shingo kwa bei ya mfukoni. Mbrazili alilielewa hili zamani, nasi bado tunauza kuku hai kwa jicho na makadirio.

Kaka, hutamshinda kwa bei ya paja, kwa sababu paja lake limeshalipiwa na mtu mwingine. Mshinde kwa kuku kamili. Mkate vipande: kidari kipeleke hoteli za Nungwi na Paje zinazokitafuta, mabawa yaende kwa wachoma nyama, paja libaki kwa majirani, na upime kila kipande mbele ya mteja. Siku kidari chako kitakapopata mnunuzi wake mwenyewe, nawe utaweza kuuza paja kwa bei ambayo mama wa Fuoni anaimudu bila wewe kula hasara. Anza na kuku ishirini wa wiki hii.