Uso wa Kuvaa

Injili iliandikwa kwa Kigiriki. Neno tunalolisoma «mnafiki», kwa Wagiriki lilikuwa jina la mchezaji wa michezo ya kuigiza. Huyo alifunika uso wake kwa kinyago. Akivaa cha mfalme, alikuwa mfalme. Akikibadili, alikuwa mtumwa. Hakumdanganya mtu, kwa sababu watazamaji wote walijua kuwa ni mchezo. Lakini vinyago tuvaavyo karamuni havionekani kwa macho, navyo hudanganya.

Je, kila uso wa karamuni ni kinyago? Sivyo. Mwenye huzuni akiwapokea wageni kwa upole, hiyo ni adabu, nayo yatoka katika upendo. Kinyago huvaliwa kwa hofu ya watu, na daima yuko mtu anayeumizwa nacho.

Sikilizeni yaliyotukia Antiokia, mji ambamo wafuasi wa Yezu waliitwa Wakristu mara ya kwanza. Huko, karibu na mwaka 50, Mtume Petro alikuwa akila pamoja na Wakristu wasio Wayahudi. Kisha wakafika watu waliotoka kwa Yakobo. Petro akawaogopa wenye kushika tohara, akajitenga na meza ya wale ndugu. Imani yake ilikuwa ile ile. Walakini Wayahudi wengine wakamfuata, hata Barnaba akavutwa. Hivyo wale ndugu wapya waliambiwa, pasipo neno, kwamba wao si ndugu kamili. Kwa ajili hiyo Paulo alimkaripia Petro mbele ya wote. Habari hii imo katika Waraka kwa Wagalatia, sura ya 2.

Na sisi je? Mtu ameketi arusini na mjomba wake maskini, wanakula sahani moja. Mara aingia mwenye cheo. Yule mtu ainuka upesi, aenda kuketi karibu na mkubwa. Akiulizwa, «Mzee yule ni nani?» ajibu, «Ni jirani tu.» Mjomba asikia, ainamisha kichwa.

Basi mkialikwa, kila mmoja ajiulize: «Mgeni huyu asingalikuja, ningalitenda vivyo hivyo?»

Maswali
1. Adabu na unafiki hutofautianaje?
2. Kwa nini Petro alijitenga?
3. Ni nani aliyeumizwa?
4. Yule mtu wa arusini amwambie nini mjomba wake?