Nafasi chache, vijana wengi: somo kutoka India

Somo hili tumelitayarisha baada ya ugomvi tulioushuhudia katika kambi moja ya wakimbizi wa ndani. Shirika moja lilileta nafasi sita za masomo ya uuguzi. Kamati ikazigawa: nne kwa watu wa kabila moja, mbili kwa wa lingine. Kesho yake vijana walitupiana mawe. Jioni wazazi wakatuuliza: je, ni haki kugawa masomo kwa kabila? Na wale ambao tangu zamani hawakupata shule, watafika lini?

Huko India swali hilo limepelekwa mahakamani kwa zaidi ya miaka 70, hasa juu ya vyuo vya udaktari, kwa sababu hapo waombaji ni wengi na nafasi ni chache.

Katika jimbo la Madras, serikali iligawa kila nafasi 14 kwa hesabu hii: Wahindu wasio Wabrahmin 6, Wahindu walioachwa nyuma 2, Wabrahmin 2, Waharijan 2, Waislamu 1, na Wakristo pamoja na machotara wa Kiingereza 1. Wabrahmin ni tabaka la makuhani, wachache lakini wengi wao wamesoma. Waharijan, ambao leo huitwa Wadalit, ni wale ambao wengine walikataa hata kuwagusa. Mwaka 1950 mama mmoja Mbrahmin, Champakam Dorairajan, alishtaki. Ilijulikana baadaye kwamba hakuwa hata ameomba kuingia chuoni, lakini mahakimu walilijibu swali lake. Aprili 1951 Mahakama ya Juu ilifuta mgawanyo ule: katiba ilikataza kumnyima mtu nafasi ya chuo kwa sababu ya dini au tabaka lake peke yake.

Je, walioachwa nyuma waliachwa tena? Hapana. Mwaka uleule wa 1951 bunge lilibadilisha katiba ili serikali iweze kuwasaidia. Ndipo jimbo la Mysore likatenga nafasi 68 katika kila 100 za vyuo vya udaktari na uinjinia. Mwaka 1962 mahakama ikasema hiyo imepita kiasi. Kusaidia ni halali, lakini tabaka peke yake si ushahidi wa kutosha. Tazameni pia umaskini, kazi za watu na mahali wanapoishi. Na kwa kawaida nafasi zilizotengwa zisifike nusu.

Tusidhani kwamba mahakama ilimaliza yote. Mwaka 1981, mjini Ahmedabad, wanafunzi wa udaktari waligoma kupinga nafasi zilizotengwa katika masomo ya juu. Ghasia zikatoka chuoni zikaingia mitaani, Wadalit wakashambuliwa, watu wakafa. Kwetu sisi tunaotoka vitani, habari hiyo si ngeni.

Desemba 2021 ilikuwa namna nyingine. Serikali ilikuwa imetenga asilimia 27 ya nafasi za kitaifa za udaktari kwa matabaka yaliyobaki nyuma, na asilimia 10 kwa maskini wasio katika makundi hayo. Kesi ikachelewesha uandikishaji. Madaktari vijana wa Delhi waliandamana, kwa kuwa hospitali zilikosa wenzao wapya. Januari 2022 mahakama ilikubali zile 27, ikaruhusu zile 10 kwa mwaka ule, na uandikishaji ukaendelea. Mahakimu walieleza kwamba alama za mtihani peke yake hazionyeshi mwanafunzi alisoma katika hali gani. Maneno hayo yangemgusa binti aliyesomea chini ya hema.

Kwetu pia, katiba ya 2006, kifungu cha 13, inakataza kumbagua Mkongomani katika elimu kwa sababu ya kabila lake au mahali anapokaa. Kwa hiyo mtu wa kambi hawezi kuambiwa kwamba yeye si mwenyeji.

Ile kamati ilikutana tena, wazee wa pande zote mbili wakiwapo. Waliandika kwanza masharti: miaka ya shule iliyopotea, uyatima, wasichana. Kisha ndipo wakataja majina, wakabandika orodha kwenye mlango wa kituo cha afya na kuweka siku saba za kupokea malalamiko. Yalikuja matatu. Moja lilikuwa la kweli, na jina likabadilishwa.

Katika kikundi chenu jadilianeni: kwenye kambi au kijiji chenu, nani ameachwa nyuma kweli, na mtamwonyesha jirani wa kabila lingine ushahidi gani ili akubali?