Uhamisho Katikati ya Shauri la Nidhamu: Haki Zako na Hatua za Kuchukua

Kijitabu hiki ni kwa wafanyakazi na waajiri wa Buhare, Musoma mjini, Bunda na Butiama.

Je, mwajiri anaweza kunihamisha nikiwa na tuhuma?

Kuwa na shauri la nidhamu peke yake hakumzuii mwajiri kukuhamisha. Kinachoangaliwa ni sababu na utaratibu. Chini ya Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, mahali pa kazi ni sehemu ya maelezo ya ajira yanayoandikwa. Yakibadilika, mwajiri anatakiwa kushauriana na mfanyakazi na kumjulisha mabadiliko hayo kwa maandishi. Kwa hiyo anza na mkataba wako: je, unasema unaweza kupangiwa kituo chochote?

Uhamisho unapingwa lini?

- Ukitumika kama adhabu kabla hujasikilizwa.
- Ukikunyima nafasi ya kujitetea. Kanuni za Utendaji Bora (Tangazo la Serikali Na. 42 la 2007) zinataka ujulishwe tuhuma kwa lugha unayoielewa, upewe muda wa kujiandaa usiopungua saa 48, na uweze kusaidiwa na mwakilishi wa chama au mfanyakazi mwenzako.
- Ukiambatana na kushushwa cheo au mshahara bila uamuzi wa kikao cha nidhamu.
- Ukiwa kisasi kwa sababu ya shughuli zako za chama cha wafanyakazi.

Mfano wa kubuni

Mtunza ghala wa kiwanda cha samaki Musoma anapewa barua ya tuhuma za upotevu Jumatatu. Jumatano anapewa barua nyingine: aripoti Mwanza Ijumaa, siku ileile ya kikao chake Musoma. Mashahidi wake wako Buhare, na vitabu vya ghala viko Musoma. Hapa hoja si kwamba Mwanza ni mbali. Hoja ni kwamba hawezi kuripoti na kujitetea kwa wakati mmoja. Aombe kwa maandishi kuripoti kusogezwe mbele, au kikao kipangiwe siku nyingine na agharamiwe nauli ya kukihudhuria.

Kwa mwajiri

Tuhuma zikiwa nzito na ukihofia mfanyakazi atavuruga uchunguzi, kanuni zinakuruhusu kumsimamisha kwa mshahara kamili hadi uchunguzi ukamilike. Ukiamua kumhamisha, andika sababu ya kikazi inayoweza kuthibitishwa.

Hatua za mfanyakazi

1. Usigome kuripoti. Kutoonekana kazini zaidi ya siku tano za kazi bila ruhusa wala sababu ya msingi kunaweza kukufukuzisha kazi, hata kama uhamisho wenyewe ulikuwa na kasoro. Ripoti huku ukiandika kwamba unapinga.
2. Andika barua ya kupinga ukitaja tarehe ya kikao, mashahidi na gharama. Baki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.
3. Omba sababu za uhamisho kwa maandishi, na ushirikishe chama chako.
4. Usipopata ufumbuzi, peleka mgogoro Tume ya Usuluhishi na Uamuzi (CMA), ofisi ya Musoma, kwa fomu Na. 1. Ukiachishwa kazi, muda ni siku 30. Kwa migogoro mingine ni siku 60. Ukichelewa, utalazimika kuomba kuongezewa muda na kueleza sababu.
5. Kwanza utafanyika usuluhishi. Ukishindikana, shauri linakwenda kwenye uamuzi. Asiyeridhika na uamuzi anaweza kuomba marejeo Mahakama Kuu.

Mtumishi wa umma

Njia yako ni nyingine. Kanuni za Utumishi wa Umma zinataja adhabu kubwa kuwa kufukuzwa kazi, kushushwa cheo na kupunguzwa mshahara; uhamisho haumo. Pia mtumishi anayehamishwa kwa maslahi ya umma anastahili posho ya usumbufu, posho ya kujikimu na gharama za kusafirisha mizigo. Tangu marekebisho ya 2016, unatakiwa kwanza kumaliza ngazi zote za rufaa ndani ya utumishi wa umma, ikiwemo Tume ya Utumishi wa Umma, kabla ya kutumia sheria za kazi. Walimu wa shule za msingi na sekondari za Serikali wana Tume ya Utumishi wa Walimu. Ukikimbilia CMA kabla ya hapo, shauri lako linaweza kutupwa bila hoja zako kusikilizwa.

Kumbuka

Tunza mkataba, barua zote na hati za mshahara. Hesabu siku kuanzia ulipopokea barua ya uhamisho, na utafute ushauri mapema kwa chama chako, afisa kazi au wakili.