Programu ya Zamani na Marimba ya Mjomba

Wanafunzi wengi huniuliza kama programu ya muziki ya zamani ina faida yo yote siku hizi. Nitawajibu kwa kueleza jambo lililonipata mimi mwenyewe.

Mwaka 2008, huko Kasese, nilimrekodi mjomba wangu akipiga endara, yaani marimba ya sisi Wakonzo, ambayo vibao vyake hulazwa juu ya vigogo vya migomba. Nilirekodi sauti ya kila kibao peke yake, kisha nikazipanga katika programu ya FL Studio, toleo la 8. Programu hiyo hutengenezwa Ubelgiji. Ilipoanza, mwaka 1997, iliitwa FruityLoops, nayo ilikuwa mashine ndogo ya kupangia midundo. Hata leo ina safu za vitufe, kwa kawaida 16 kwa kila sauti. Kitufe kikiwashwa, sauti hulia, kikizimwa, kimya.

Faili la kazi nililinakili katika kompyuta ya ndugu yangu kule Bwera. Sauti zenyewe zilibaki Kasese. Mwezi wa Mei 2013 mto Nyamwamba ulifurika, maji yakaingia nyumbani, kompyuta yangu ikaharibika. Mjomba naye amekwisha fariki, na vibao vyake vimeliwa na mchwa.

Hivi karibuni nililifungua lile faili katika toleo jipya. Programu ikasema kwamba sauti hazionekani. Nikawaza, "Kosa ni la toleo jipya." Basi nikapanda gari mpaka Bwera, nikapita Kikorongo, nikalifungua katika kompyuta ya zamani, kwa toleo lile lile la 8. Jibu likawa lile lile.

Hapo nikafahamu kwamba kosa ni langu. Faili la kazi ni kama karatasi ya mapishi: husema tia hiki, kisha kile, lakini ndani yake hamna unga wala chumvi. Programu ina njia ya kufunga kazi na sauti zake katika furushi moja la zip. Ningalifanya hivyo, marimba ya mjomba ingalisikika hata leo.

Lakini sikurudi mikono mitupu. Vitufe vilikuwa vingali vimewashwa mahali pake, 12 kwa kila mzunguko, si 16. Niliyaandika mapigo yote katika karatasi, nikampelekea mpigaji mmoja wa endara pale Bwera. Akatazama, akaanza kupiga polepole. Mpigo wa mjomba ukarudi. Sauti ya vibao vyake haikurudi.

Basi, ndugu zangu, mkumbuke mambo mawili. Kwanza, mkimrekodi mzee, wekeni sauti pamoja na faili, tena mahali pawili. Pili, mkifungua kazi ya zamani katika toleo jipya, ihifadhini kwa jina lingine, kwa maana toleo la zamani mara nyingi halisomi vema faili la toleo jipya. Wazee wetu wangalipo. Msingoje mto ufurike.