Umegongwa na Gari? Tunza Karatasi Zako



Barabara kuu ya Morogoro kwenda Iringa inapita katikati ya Hifadhi ya Taifa ya Mikumi kwa karibu kilomita 50. Watu wa Mikumi wanajua vizuri: dereva akigonga mnyama mle hifadhini, anatozwa hela. Je, akigonga mtu? Wengi wetu husema, "Ni bahati mbaya, yaishe." Sivyo! Aliyeumizwa kwa kosa la dereva ana haki ya kudai fidia.

FIDIA NI NINI?

Fidia ni malipo kwa hasara uliyopata: gharama za matibabu, kazi ulizoshindwa kufanya, maumivu na ulemavu. Mtu akifa, wale aliokuwa akiwatunza wanaweza kudai.

NANI ANALIPA?

Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, inaamuru kila gari linalotembea barabarani liwe na bima. Hata pikipiki za bodaboda zimo. Bima ndogo haitengenezi gari la mwenyewe. Kazi yake ni kuwalipa watu wengine walioumizwa. Basi ukiambiwa, "Dereva huyu hana kitu," usikate tamaa. Dai linapelekwa kwa kampuni ya bima.

TUCHUKUE MFANO

Mama mmoja anatoka shambani, anapita kando ya barabara ya Mikumi kwenda Kilosa. Lori linamgonga na kumvunja mguu. Mwenye lori anakuja hospitali na Sh. 100,000 na karatasi. Anasema, "Pole mama, weka sahihi hapa." Mama anaweka. Kumbe karatasi inasema amelipwa yote, hatadai tena!

Mguu unapona baada ya miezi 8. Palizi imepita, mavuno yamepita. Dereva anashtakiwa, anatozwa faini. Mama anaingoja faini hiyo. Hapati kitu, maana faini ni ya Serikali. Fidia hudaiwa peke yake.

Tulijifunza kuandika ili tuache kuweka dole gumba. Lakini sahihi bila kusoma ni dole gumba lile lile.

TUFANYE NINI?

1. Andika namba ya gari, mahali, siku na saa. Andika majina ya walioshuhudia.

2. Toa taarifa polisi, upate fomu ya PF3. Daktari huijaza kuonyesha ulivyoumia. Kama hali ni mbaya, mgonjwa atibiwe kwanza, ndugu wafuate fomu.

3. Omba polisi jina la kampuni ya bima ya gari hilo. Siku hizi mwenye simu ya intaneti anaweza kuhakiki bima kwa namba ya gari, katika mfumo wa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima, yaani TIRA.

4. Tunza tiketi ya basi, vyeti vya hospitali na kila risiti, hata ya dawa na nauli.

5. Usiweke sahihi kabla ya kusoma na kuelewa. Mwambie, "Niachie, nitasoma na wenzangu."

6. Usichelewe. Muda wa kufungua madai ya namna hii mahakamani, kwa kawaida, ni miaka 3.

Ukizungushwa na kampuni, peleka malalamiko TIRA. Ukikwama, muulize Afisa Mtendaji wa Kijiji alipo msaidizi wa kisheria. Wasaidizi hao wanatambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017.

Tahadhari moja: ukipanda juu ya mzigo wa lori, dai lako linaweza kukataliwa, maana lori si gari la abiria.

MASWALI YA KUJADILI

1. Faini na fidia zina tofauti gani?
2. Mama wa mfano wetu alikosea wapi? Ungekuwa wewe, ungefanyaje?
3. Nyumbani kwako karatasi muhimu zinawekwa wapi? Je, panya na mvua havizifikii?