Nani Kaipanga Sebule Hii?

Msanifu wa mandhari na mteua waigizaji wana kazi gani kwenye filamu?

Wa kwanza huamua kila kinachoonekana nyuma ya mwigizaji: nyumba, rangi ya ukuta, kochi, sufuria. Wa pili husoma skripti, akaendesha usaili, kisha akampelekea muongozaji sura chache za kuchagua. Hollywood iliitambua kazi ya kwanza mapema. William Cameron Menzies alipewa cheo cha msanifu wa mandhari kwa Gone with the Wind ya 1939. Wateuzi wamesubiri mno: Oscar yao ilitangazwa 2024, na filamu za kwanza kuiwania ni za 2025. Kwenye Bongo Movie, yaani filamu za Tanzania, kazi zote mbili mara nyingi hubebwa na mtayarishaji au muongozaji, juu ya mizigo yake mingine. Nami nasema hapo ndipo filamu nyingi humpoteza mtazamaji, kabla kamera haijawashwa.

Ushahidi ni upi?

Tazama nyumba. Mapenzi na fitina huchezwa kwenye sebule ya kukodi yenye geti, Mbezi Beach au Mikocheni jijini Dar es Salaam, hata kama mhusika ni karani wa mshahara mdogo. Mtazamaji wa Tandika au Mwananyamala anaijua nyumba ya wapangaji: korido katikati, milango inayotazamana, choo uani, na mita moja ya LUKU inayogombanisha watu kila umeme unapoisha. Kwenye mita hiyo pekee kuna tamthilia nzima, lakini haionekani kwa sababu hakuna aliyelipwa kuitafuta. Linganisha na Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji (2021), iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi. Inarudi Zanzibar ya miaka ya 1950, ambako dishi moja tu la televisheni ukutani lingeharibu kila kitu. Nafasi ya mhusika Mwajuma akapewa Siti Amina, mwanamuziki wa Zanzibar, na lafudhi ikaja na mwenyewe. Filamu hiyo ilionyeshwa kwenye tamasha la filamu la Toronto, na mwaka 2022 ikatwaa tuzo ya Taniti ya Dhahabu kwenye tamasha la Carthage. Tuzo hiyo haikuletwa na mandhari na uteuzi peke yake, ila bila hivyo hadithi isingeaminika.

Lakini bajeti ni ndogo, na watu hununua sura ya nyota.

La nyota ni kweli. Jina la Steven Kanumba, aliyefariki Aprili 2012, liliuza filamu kuliko skripti yoyote. Ila nyota hachezi peke yake. Mjumbe, mama lishe na dereva wa bodaboda wanaomzunguka ndio hugawiwa shemeji wa mtayarishaji, na hao ndio humwangusha nyota mwenyewe. Mfano wa jirani ni Queen of Katwe (2016): Lupita Nyong'o na David Oyelowo walikuwepo, lakini mhusika mkuu alikuwa Madina Nalwanga, binti wa Kampala aliyepatikana kwenye darasa la ngoma. Mtu alitumwa kumtafuta. Kuhusu fedha, gharama ya upigaji huhesabiwa kwa siku. Mwigizaji asiyemudu mistari yake, au chumba kinachopangwa huku kamera ikisubiri, hula siku hizo. Kwa filamu ndogo mtu mmoja anaweza kushika kazi zote mbili, alimradi ahesabiwe kwenye bajeti tangu mwanzo na aanze kabla ya wengine.

Kijana wa Temeke au Kinondoni aanzie wapi?

TaSUBa ya Bagamoyo inafundisha sanaa, na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam pia. Lakini mtaji wa kwanza yuko nao tayari. Anajua fundi gani wa Keko atakubali kuazimisha kabati kwa siku mbili, mitumba ipi ya Tandika inafaa kuwa maleba ya mwalimu mstaafu, na mama gani wa mtaani akigomba watu hukusanyika kusikiliza. Apige picha za vyumba kwa idhini ya wenyewe, aandike majina na namba za watu wenye sura na sauti, aviweke kwenye faili moja. Siku akienda kwa muongozaji, aende na faili hilo pamoja na bei ya kila kitu kilichomo.