Somo la Krismasi: Tulisome Hori

Kila ifikapo Krismasi makanisa mengi hutengeneza pango dogo. Ndani yake huwekwa sanamu za mtoto Yesu, Mariamu, Yosefu, wachungaji, ng'ombe na punda. Watoto hukimbilia kutazama. Na sisi watu wazima je? Tunatazama tu, au tunasoma?

Hebu tuanze na historia. Mwaka 1223 Fransisko wa Assisi, mtawa wa Italia, alikuwa katika kijiji cha Greccio. Alimwomba rafiki yake, Giovanni, atayarishe hori lenye majani makavu, pamoja na ng'ombe na punda. Wanyama hao walikuwa hai, siyo sanamu. Usiku wa Krismasi wanakijiji walikuja na mienge na mishumaa. Misa ikasomwa penye hori. Fransisko akaimba Injili, kisha akahubiri.

Kwa nini alifanya hivyo? Alitaka watu waone kwa macho yao shida aliyozaliwa nayo Yesu. Siku hizo Misa ilisomwa kwa Kilatini, na wanakijiji wengi hawakujua kusoma. Basi hori likawa kitabu chao. Desturi hiyo ikaenea nchi nyingi.

Sisi tunajua kusoma. Tufungue Injili ya Luka, sura ya 2. Tunaona kwamba Mariamu alimlaza mtoto horini kwa sababu hawakupata nafasi katika nyumba ya wageni. Luka hataji ng'ombe wala punda. Hao wametajwa na nabii Isaya, sura ya 1, mstari wa 3. Hapo nabii anawaonya watu waliomsahau Mungu, hali mnyama anamjua anayemlisha. Mamajusi nao wamo katika Mathayo, sura ya 2. Mathayo hasemi kwamba walikuwa watatu, na anasema walimkuta mtoto nyumbani.

Je, pango linatudanganya? Hapana. Limekusanya habari kadhaa mahali pamoja. Sanamu hutukumbusha, maandishi hutueleza. Tuvitumie vyote viwili.

Maana yake ni nini? Kwanza, hori ni chombo cha kulishia mifugo. Wakristo wanaamini kwamba Mungu alikuja kwa watu hapo, chini kabisa, akiwa mtoto asiyeweza hata kujifunika. Hakuanzia ikulu. Kwa hiyo hakuna nyumba iliyo duni mno asiweze kuingia.

Pili, walioambiwa habari kwanza ni wachungaji, watu wa kukesha nje na mifugo. Hawakuwa na cheo wala mali.

Tatu, lipo lile neno "nafasi". Mtu anaweza kupamba pango kwa karatasi za rangi, na usiku huohuo akamfungia mlango mgeni mjamzito aliyeshikwa na uchungu. Mtu huyo ameliona hori, lakini hajalisoma.

MANENO MAGUMU
Hori: chombo cha kuwekea chakula cha mifugo.
Mamajusi: wataalamu wa nyota kutoka mashariki.

MASWALI YA KUJADILIANA
1. Kwa nini mtoto alilazwa horini?
2. Ni wanyama gani walio pangoni lakini hawamo katika Luka 2?
3. Katika kijiji chetu, nani anakosa nafasi? Tumfanyie nini kabla ya Krismasi?